Bustani bila daftari hupotea bila habari

Mali bila daftari hupotea bila habari. Hakuna mfanyabiashara wa Nyabugogo, Rusizi au Rubavu asiyeijua methali hii. Imeandikwa kwenye khanga, imebandikwa juu ya kaunta za maduka, na wengi wetu tumeifahamu kwa maumivu, baada ya kumkopesha mtu bidhaa kwa mdomo. Leo ninaitumia kwa mali ambayo wengi hatujawahi kuihesabu kuwa mali yetu, nayo ni bustani za umma za mijini.

Hoja yangu ni rahisi. Wewe unayekwenda Nairobi kununua bidhaa, tenga nusu siku utembezwe katika bustani za jiji lile na mtu anayejua habari zake. Kisha ukirudi Kigali, ujiulize kuhusu mabonde yetu yanayogeuzwa kuwa bustani: nani ataandika daftari lake, na nani atalisoma kwa sauti ili mimi na wewe tusikie?

Najua wapo watakaocheka. Watasema mtu aliyekaa ndani ya basi usiku na mchana, akavuka Gatuna, akavuka Busia au Malaba, hakwenda kuangalia maua. Amekwenda Gikomba, Kamukunji, Eastleigh au barabara ya Luthuli, na kila saa anayopoteza ni hela. Hilo silipingi. Lakini mfanyabiashara huyo huyo, akishafunga mizigo yake, hukaa saa tatu au nne akisubiri basi. Na mara nyingi hukaa wapi? Hukaa Jeevanjee, kwenye bustani iliyo kati ya Moi Avenue na Muindi Mbingu, akila mahindi ya kuchoma na kuwasikiliza wahubiri. Amekwisha ingia bustanini, ila hajui yuko wapi.

Bustani ile ilitolewa kwa umma na mfanyabiashara mwenzetu. Alibhai Mulla Jeevanjee alizaliwa Karachi mwaka 1856, akaja pwani ya Afrika Mashariki kufanya biashara, akapata kandarasi ya kuleta vibarua na vyakula kwa ajili ya reli iliyokuwa ikijengwa kutoka Mombasa kwenda Ziwa Victoria. Alijenga majengo mengi ya Nairobi ya mwanzo. Mwaka 1902 alianzisha gazeti la African Standard, ambalo baada ya kuuzwa liliendelea hadi kuwa Standard linalosomwa Kenya leo. Alikuwa Mwasia wa kwanza kuingia katika Baraza la Kutunga Sheria la nchi ile. Huyu ndiye aliyechukua kipande cha ardhi katikati ya mji uliokuwa bado mchanga, akakifanya bustani, na mwaka 1906 ikafunguliwa kwa ajili ya watu wote.

Kama habari ingeishia hapo, ingekuwa ni sifa za tajiri tu. Lakini mwaka 1991 kulitokea mpango wa kuichukua bustani hiyo ili pajengwe maduka na maegesho ya magari. Jeevanjee mwenyewe alikuwa amefariki mwaka 1936, miaka 55 nyuma. Nani angejua kwamba mali ile ilitolewa kwa sharti la kubaki ya umma? Alijua mjukuu wake, Zarina Patel. Yeye na wenzake walisimama wakaeleza bustani ile ilitoka wapi, ni ya nani, na kwa nini haiwezi kuuzwa. Wananchi wakaelewa, wakapiga kelele, na mpango ukafa. Leo mama wa Kigali mwenye magunia yake ya mitumba anakaa kwenye kivuli kile bila kulipa senti, kwa sababu kulikuwa na mtu aliyekumbuka.

Ndiyo maana nasema kutembezwa si anasa. Ukikaa Jeevanjee peke yako utaona miti, viti na vijana wanaobishana juu ya siasa. Ukiwa na mtu wa kukueleza utajua kwamba mabishano yale yana jina, yanaitwa Bunge la Mwananchi, na kwamba watu wa kawaida wamekuwa wakijadili mambo ya nchi yao pale tangu miaka ya 1990. Utaonyeshwa palipokuwa na sanamu ndogo ya Malkia Victoria, iliyozinduliwa mwaka ule ule wa 1906 na mwanawe, na kuangushwa na watu wasiojulikana mwaka 2015. Utaondoka na elimu, si vumbi la viatu tu.

Kutoka hapo hadi Uhuru Park ni mwendo wa miguu usiozidi robo saa au nusu saa. Bustani hii ilifunguliwa rasmi na Rais Jomo Kenyatta mwaka 1969. Ndipo Papa Yohane Paulo wa Pili alipoadhimisha misa mwaka 1985, na ndipo Katiba mpya ya Kenya ilipotangazwa tarehe 27 Agosti 2010. Lakini jambo ambalo mwongozaji yeyote mwenye akili atakueleza kwanza ni la mwaka 1989.

Mwaka huo chama kilichokuwa kikitawala, KANU, kilitaka kujenga ndani ya bustani hiyo jengo la ghorofa 60, pamoja na sanamu kubwa ya Rais Daniel arap Moi. Mshirika wake katika biashara ya gazeti alikuwa tajiri wa Uingereza, Robert Maxwell. Ulikuwa wakati wa chama kimoja, na kupinga neno la wakubwa kulikuwa ni kujitafutia balaa. Profesa Wangari Maathai akaandika barua. Aliziandikia ofisi za serikali, akawaandikia wafadhili wa nje, akauliza swali moja tu: kwa nini mnajenga mnara wa fahari kwenye ardhi ambayo maskini wa Nairobi wanapumzikia siku ya Jumapili? Bungeni alitukanwa. Shirika lake la Green Belt Movement lilifukuzwa katika ofisi za serikali lilimokuwa. Hata hivyo wafadhili walirudi nyuma, fedha zikakosekana, na mwaka 1992 uzio wa ujenzi uliondolewa.

Kwenye kona moja ya bustani hiyo hiyo, mwishoni mwa Februari 1992, akina mama ambao watoto wao walikuwa wamefungwa kwa sababu za kisiasa walikaa na kugoma kula. Siku chache baadaye polisi waliwavamia kwa virungu na mabomu ya machozi, na Maathai akapigwa hadi akazirai. Akina mama wale walihamia katika kanisa la All Saints, ng'ambo ya barabara, wakakaa humo karibu mwaka mzima hadi wafungwa wakaachiwa. Kona ile inaitwa Freedom Corner. Pita bila kuelezwa, na utaona nyasi tu.

Labda msomaji atauliza: haya ya Wakenya yanatuhusu nini sisi tuliorejea nyumbani? Yanatuhusu sana. Hakuna watu wanaojua thamani ya ardhi kama waliowahi kukosa mahali pa kusimama. Wengi wetu tulizaliwa au kukulia Tanzania, Uganda, Burundi, Kongo au Kenya. Tuliporudi baada ya mwaka 1994, swali la kwanza lilikuwa ni wapi tutajenga, na kwa karatasi gani. Tunajua kwamba ardhi isiyo na mtu wa kuitetea huwa na wenyewe wengi sana ghafla. Bustani ya umma ni ardhi ya aina hiyo hasa. Kwa kuwa ni ya kila mtu, ni rahisi kuwa ya yule mwenye nguvu.

City Park, upande wa Parklands, ni mfano mwingine. Watoto wa Nairobi wanaijua kwa sababu ya kima wanaonyang'anya watu ndizi mikononi. Lakini humo ndani kuna kaburi la Joseph Murumbi, aliyekuwa Makamu wa Rais wa pili wa Kenya mwaka 1966, na ambaye alijiuzulu kabla ya mwaka kwisha. Alifariki mwaka 1990. Aliomba azikwe karibu na rafiki yake Pio Gama Pinto, mwandishi wa habari na mbunge aliyepigwa risasi nje ya nyumba yake Nairobi, tarehe 24 Februari 1965. Baba yake Murumbi alikuwa Mgoa na mama yake Mmasai. Pinto alikuwa Mgoa aliyezaliwa Nairobi.

Kwa sisi ambao tumeitwa wageni kule tulikokulia, na wakati mwingine tukaitwa wageni hata tuliporejea, makaburi yale mawili yana la kusema. Na angalia bahati yake: sehemu za bustani ile zilikuwa zikimegwa na wanyakuzi wa ardhi kidogo kidogo. Watu waliokuwa wakija kuangalia miti, ndege na makaburi ndio waliokuwa wa kwanza kuona ua mpya umesimama pasipostahili. Mwaka 2009 eneo hilo likatangazwa kuwa kumbukumbu ya taifa, na makaburi ya kina Murumbi yakatengenezewa bustani yake ndogo.

Hapo ndipo faida ya matembezi ya kuongozwa inapoonekana waziwazi. Anayetembea mahali pamoja kila wiki, na kuwaeleza wengine, ni mlinzi ingawa hana bunduki. Chama cha Nature Kenya, ambacho asili yake ni ya mwaka 1909, kwa miaka mingi kimekuwa na desturi ya kukutana Jumatano asubuhi katika Makumbusho ya Taifa, Nairobi, na kwenda kuangalia ndege. Kwenye bustani ya miti wanayoiita Arboretum, jirani na Ikulu, wapo marafiki wa bustani waliojiunga pamoja tangu miaka ya 1990, nao huwatembeza wageni na kuwatajia majina ya miti.

Bustani hiyo ilianzishwa mwaka 1907, na sababu yake itamfurahisha mtu wa biashara. Garimoshi za wakati ule zilikuwa zinakula kuni, na misitu ya karibu na reli ilikuwa inakwisha. Serikali ya kikoloni ikaleta mbegu za miti kutoka nchi mbalimbali na kuipanda pale ili kujaribu ni ipi inakua haraka. Mikaratusi inayokamuliwa nguzo na kuni katika vilima vyetu leo ni ndugu wa miti iliyoletwa Afrika Mashariki kwa hesabu za namna hiyo. Leo eneo lile la hekta zipatazo 30 lina aina zaidi ya 300 za miti. Ukitembea humo na mtaalamu unajua mti upi unakunywa maji mengi, upi unafaa kivuli cha uani, na upi usiupande karibu na kisima. Hiyo ni elimu ambayo mtu mwenye shamba Nyagatare au Kayonza angeweza kuilipia.

Msitu wa Karura nao unasimulia mambo hayo hayo kwa ukubwa zaidi. Ni zaidi ya hekta 1,000, kaskazini ya jiji. Mwishoni mwa miaka ya 1990 vipande vyake vilikuwa vimegawiwa kwa siri, na wajenzi wakaanza kufyeka. Tarehe 8 Januari 1999 Wangari Maathai alikwenda pale na wenzake kupanda mti, akavamiwa na walinzi wa kukodiwa, akapasuliwa kichwa. Wanafunzi wa vyuo vikuu wakaingia barabarani. Msitu ukabaki. Mwaka 2004 Maathai alipewa Tuzo ya Amani ya Nobel, mwanamke wa kwanza Mwafrika kuipata, na alifariki mwaka 2011. Leo watu wanaingia Karura kwa kulipia mlangoni, wanaendesha baiskeli, na wanaoneshwa mapango ambamo wapiganaji wa Mau Mau walijificha.

Nisieleweke vibaya. Sisemi Nairobi ni peponi. Bustani zake zimekuwa na takataka, vibaka, na miaka mingi ya kusahauliwa. Uhuru Park ilifungwa mwaka 2021 kwa matengenezo, na watu walikaa muda mrefu nje ya uzio wakiuliza itafunguliwa lini. Atakayekwenda asubuhi awe na akili zake, simu mfukoni na pesa za mzigo zikiwa zimekwisha lipwa.

Tena Nairobi ina mfano wa kutuonya. Kando ya Mto Nairobi, karibu na mzunguko wa Globe, palikuwa jalala na gereji. John Michuki, alipokuwa Waziri wa Mazingira kuanzia mwaka 2008, alipasafisha akapanda miti, na pakapendeza. Alikuwa waziri mkali ambaye hakuna aliyetaka kugombana naye. Alifariki Februari 2012. Haikuchukua muda takataka zikarudi, waosha magari wakarudi, na bustani ikarudi kuwa jalala. Ilibidi ifufuliwe upya mwaka 2020 na kupewa jina lake.

Tujiulize, kwa nini Jeevanjee iliokoka miaka 55 baada ya mwenyewe kufa, na bustani ya Michuki ikafa karibu pamoja naye? Jibu langu ni kwamba ya kwanza ilikuwa na watu wanaoijua na kuisimulia. Ya pili ilikuwa na bosi. Bosi akiondoka, hakuna aliyeona kwamba kilichokuwa kikiharibiwa ni chake.

Sasa turudi nyumbani Kigali, maana ndiko hoja yangu inakoelekea.

Hapa kwetu kazi imeanzia upande mwingine. Serikali ndiyo iliyopanga na kutekeleza. Bustani ya Nyandungu, yenye hekta 121, ilifunguliwa mwaka 2022 katika bonde lililokuwa limeharibika, si mbali na uwanja wa ndege. Viwanda vya Gikondo vilihamishwa kutoka bondeni. Mwaka 2024 kazi ya kufufua mabonde mengine matano ilianza: Gikondo, Rwampara, Rugenge-Rwintare, Kibumba na Nyabugogo. Ni jambo la kujivunia, na mgeni yeyote anayeingia Kigali huzungumzia usafi na mpango wake.

Mfanyabiashara asidhani mambo haya ni ya watalii. Nani asiyejua maji ya Nyabugogo? Mvua ikinyesha kwenye vilima vyote hivi, maji hayana pa kwenda isipokuwa bondeni. Bonde lenye majani na matope huyapokea maji, likayashika, likayaachia polepole. Bonde lililojazwa kifusi huyatupa barabarani, yakaingia stoo, yakalowesha unga, mitumba na saruji. Nairobi waliliona hilo Aprili na Mei 2024, pale mito ya Nairobi na Mathare ilipofurika, watu wakafa, na serikali ikaanza kubomoa nyumba za kandokando kwa kuchelewa. Kwa hiyo bustani ya bondeni ni ukuta wa duka lako. Tofauti ni kwamba hukuujenga wewe.

Lakini nina wasiwasi mmoja. Bustani zetu zina hekta, zina njia nzuri za kutembea, zina madaraja na madimbwi. Je, zina daftari? Watu wangapi wanaokwenda Nyandungu kupiga picha za harusi wanajua kwamba Papa Yohane Paulo wa Pili aliadhimisha misa pale mwaka 1990, na kwamba ndiyo sababu mna sehemu inayoitwa bustani ya Papa? Watu wangapi wanaweza kukuonyesha Gikondo palipokuwa na viwanda?

Na kuna jambo zito zaidi ambalo tunapenda kulipita haraka. Mabonde yale hayakuwa matupu. Watu walilima humo miwa na mboga. Wengine, waliporejea baada ya 1994 bila mahali, walijenga pale palipopatikana. Wengine walikuwa na karakana na magereji. Mwishoni mwa mwaka 2019 kaya nyingi ziliondolewa mabondeni. Sababu ilikuwa ni hatari ya mafuriko, na sababu hiyo siipingi. Lakini aliyelala na watoto wake bondeni kwa miaka 15, akaambiwa ahame ili bonde lipumue, naye pia amechangia bustani ile. Pengine amechangia kuliko mhandisi. Bustani ikifunguliwa na yeye akapita nje ya uzio kama asiyehusika, hatutakuwa tumetenda haki, na wala hatutakuwa tumeipa bustani ile mlinzi.

Maana miaka 50 ijayo maofisa wote waliotia saini mpango huu watakuwa wamestaafu au wamekufa. Atatokea mtu mwenye fedha na mchoro mzuri wa jengo. Atasema pale pana nafasi tupu katikati ya jiji, mbona haitumiki? Siku hiyo sheria pekee haitatosha, kwa sababu Kenya nayo ilikuwa na sheria. Atahitajika mtu wa kusema: sivyo, mimi najua mahali hapa, nilitembezwa hapa nikiwa mtoto, nikaambiwa kwa nini hapajengwi.

Kwa hiyo napendekeza mambo manne, na hakuna hata moja linalohitaji mkopo wa benki ya nje.

La kwanza, kila bustani ya umma ya Kigali iwe na waongozaji, na waongozaji hao waongee Kinyarwanda na Kiswahili, si Kiingereza na Kifaransa peke yake. Kiswahili ni lugha rasmi ya nchi hii tangu mwaka 2017. Ni lugha ya mteja anayevuka kutoka Goma, Bukavu na Ngara. Na tunao vijana wengi waliokulia Tanzania ambao Kiswahili chao ni cha kuogelea, lakini hapa mjini wanaambiwa hawana ujuzi. Huo ni ujuzi. Wapewe mafunzo ya miti, ndege na historia, wapate kazi.

La pili, baadhi ya waongozaji watoke miongoni mwa watu waliolima, kuishi au kufanya kazi katika mabonde hayo. Hakuna anayejua maji yalipokuwa yakipita kama aliyeamka usiku akiyakuta chini ya kitanda. Mzee au mama wa namna hiyo akisimama mbele ya wanafunzi na kueleza, hakuna atakayesinzia.

La tatu, kwenye lango la kila bustani kiwekwe kibao kikubwa kinachoonyesha ramani ya mipaka, idadi ya hekta, mwaka wa kuanzishwa, na palikuwa na nini kabla yake. Hilo ndilo daftari lenyewe. Siku mpaka ukisogea hata kwa hatua kumi, mtoto wa shule ataweza kuhesabu na kuuliza.

La nne, ada isiwe kizingiti. Bustani inahitaji fedha za kutunzwa, nakubali, na mgeni mwenye uwezo alipe. Lakini iwepo siku moja katika mwezi ambapo mwananchi anaingia na kutembezwa bure. Ninapendekeza Jumamosi ya mwisho ya mwezi, baada ya umuganda. Watu wameshika majembe asubuhi, wamesafisha mitaro. Ni haki yao mchana waonyeshwe maji ya mitaro hiyo yanakwenda wapi.

Vyama vya wafanyabiashara wa Nyabugogo visisubiri kuitwa kwenye sherehe ya kukata utepe. Vianze kuuliza sasa. Nani atatutembeza? Kwa lugha gani? Kwa bei gani? Swali likiulizwa kabla ya lango kujengwa, jibu lake huwa rahisi.

Na wewe ndugu mfanyabiashara, usiniambie kwamba hilo ni la serikali tu. Tangu mwaka 2014 Mnyarwanda anaweza kuingia Uganda na Kenya kwa kitambulisho chake cha taifa. Mpaka wa Gatuna, uliofungwa mwaka 2019, ulifunguliwa tena Januari 2022. Njia ipo. Safari ijayo panga hesabu zako umalize manunuzi siku moja mapema. Uliza Makumbusho ya Taifa au kwenye lango la Arboretum siku gani kuna matembezi na ada ni kiasi gani. Kama huna muda wa mbali, kaa Jeevanjee, mtafute mmoja wa wazee wa pale, mnunulie chai, umwambie akuonyeshe. Uliza maswali kama unavyouliza bei: hii imetoka wapi, ni ya nani, nani alitaka kuichukua, nani alikataa.

Kisha ukirudi, uwapeleke watoto wako Nyandungu, uwaelezee unachokijua. Huenda huna mengi. Anza na hayo hayo. Waambie ardhi ile ni yao ingawa hakuna hati yenye majina yao, na kwamba kazi yao ni kukumbuka mipaka yake. Mtoto aliyeambiwa hivyo leo ndiye atakayeandika barua siku tajiri mwenye mchoro atakapofika.